Mwaka Nilioulizwa Baba wa Wanangu ni Nani

Mchungaji wetu ni kijana mzuri, nalisema hilo kwanza ili nisionekane namsengenya. Ametokea Mbeya, ana saa kubwa ya mkononi na sauti ya kupendeza, na mwezi uliopita, tulipokuwa tunajiandaa kumzika Mama Robi, alinikalisha kwenye kiti cha plastiki nyuma ya nyumba akafungua simu yake aandike wasifu wa marehemu. Watoto wa kuzaa aliwapata haraka: Robi na mdogo wake, wote mabibi sasa, wameolewa mbali. Kisha akanigeukia mimi. "Na wewe, mama, marehemu alikuwa nani kwako?" Nikamwambia alikuwa mume wangu. Akatabasamu kwa adabu, akangoja nicheke ili naye apate ruhusa ya kucheka. Sikucheka. "Mama," akasema taratibu, "nadhani majonzi yamekuzidi." Nikamjibu kwamba majonzi ninayo ya kutosha lakini hayajafika kichwani, na kwamba maswali ya namna hii nilishaulizwa kabla yeye hajazaliwa, na mtu wa serikali, mbele ya umati, nikayajibu nikiwa nimesimama. Akaiweka simu mfukoni akaenda kuulizia maturubai.

Tangu siku ile mwaka huo umenirudia na hautaki kutoka, basi niuandike. Ya kwetu Turwa, wazazi wangu na nilivyokua, nayaruka. Kila anayeandika maisha yake huanza na babu yake, na mimi babu zangu walikuwa watu wa kawaida kabisa. Naanzia Kemambo, nikiwa tayari mke wa mtu. Mtu mwenyewe ndiye Mama Robi. Mkurya haulizi zaidi ya hapo, lakini wasiojua nitawaeleza kwa ufupi. Mama Robi alifiwa na mumewe akiwa na mabinti tu, hana mtoto wa kiume wa kushika boma. Mabinti walipoolewa, ng'ombe wakaingia, na kwa ng'ombe hao akanioa mimi. Kwetu inaitwa nyumba ntobhu. Watoto nitakaowazaa ni wake, wanaitwa kwa jina la boma lake, wanarithi mashamba yake. Mwanamume wa kuzaa naye nilimchagua mwenyewe, anakuja na kuondoka, na juu ya watoto hana neno. Waandishi wa magazeti wakifika kwetu hukimbilia kuuliza mambo ya chumbani, nami huwajibu kwamba mimi nilikuwa na chumba changu na yeye alikuwa na chake, na chake ndicho kilichokuwa na magunia ya mtama. Nilimwita Mama, nilimwamkia shikamoo kila asubuhi, na alinioa kwa heshima kuliko wanawake wengi ninaowafahamu walivyoolewa na wanaume wenye ndevu.

Nyumba yake ilikuwa ya udongo, imesiribwa vizuri, na sebule yenye viti vya mbao vilivyovaa vitambaa vya kufuma ambavyo hakuna mtoto aliyeruhusiwa kuvigusa. Ukutani kulikuwa na kalenda ya duka moja la Sirari, miezi yake yote ilishapita, ila picha ya ng'ombe wa maziwa ilikuwa nzuri mno kuitupa. Jiko lilikuwa banda lililoegemea ukuta wa sebule kwa nyuma, na ukuta huo ulikuwa na ufa. Kila lililosemwa sebuleni nililisikia nikiwa nasonga ugali. Mama Robi alijua. Akiwa hataki nisikie, aliwapeleka wageni nje kwenye kivuli cha zizi. Akiwa anataka nisikie, alivuta kiti chake akakaa ameuelekea ukuta. Miaka yote niliyoishi naye sikuwahi kumwona akitega sikio kwa jirani, lakini ufa ule hakuuziba.

Mwanamume niliyemchagua aliitwa Nyamhanga. Alikuwa na mke wa ndoa kijijini kwake Nyarero, Mama Chacha, na mke huyo alijua habari zangu, maana mambo haya kwetu hayafichwi. Nilimpenda. Naliandika wazi kwa sababu watu hudhani mwanamke wa nyumba ntobhu huchagua mwanamume kama anavyochagua dume la kupandisha. Mimi nilimchagua kwa sababu alikuwa anacheka kabla ya kumaliza hadithi yake mwenyewe, na kwa sababu siku ya kwanza alipokula kwetu aliosha sahani. Alipenda kichuri, ule mchuzi wetu mchungu wa utumbo, na alisema mkewe hautengenezi vizuri kama mimi. Nilimkanya asirudie kusema hivyo. Tulikuwa na watoto wawili, Marwa aliyekuwa ameanza kuchunga mbuzi, na Bhoke aliyekuwa bado mgongoni. Walimwita Baba Chacha, kama walivyomwita kila mtu mwingine mzima kwa jina la mtoto wake. Aliwabeba, akawaletea biskuti, akaitika alipoitwa Baba Chacha, na sikuwahi kumwona usoni kama kulimuuma. Labda kulimuuma.

Mwaka huo Kemambo ilikuwa imejaa watu. Dhahabu ilikuwa imetoka, na wachimbaji walikuja kutoka Geita, kutoka Shinyanga, kutoka Migori ng'ambo ya mpaka, mpaka shamba la mihogo la jirani likageuka mtaa wa vibanda vya mabati na turubai ndani ya msimu mmoja. Kulikuwa na vinyozi, wauza kaseti, na mtu mmoja aliyekuwa anapiga picha mbele ya pazia lenye mchoro wa ndege ya abiria. Mimi niliuza busara, uji wetu mwepesi wa mtama, na chapati, na nilikuwa sijawahi kushika fedha zangu mwenyewe kabla ya hapo. Nilijisikia mkubwa. Nilitembea katikati ya vibanda vile na ndoo kichwani, nikawatania wale vijana kwa Kikurya na kwa Kiswahili changu cha shule ya msingi, na hakuna aliyenidhulumu mara mbili.

Watu wa mikoa mingine hucheka wakisikia kwamba Tarime, ambako treni haijawahi kufika, tulipata ajali ya reli. Lakini reli ilikuwepo. Juu ya kilima kulikuwa na tajiri mmoja aliyekuja na mashine, sisi tukamwita Kampuni, na Kampuni alichimba shimo la kwenda chini kwa mteremko akatandika humo reli nyembamba ya kupitisha matoroli ya mawe. Waya mnene uliyavuta matoroli kutoka chini, na waya huo ulizungushwa na winchi iliyofungwa juu, mlangoni mwa shimo. Palikuwa na kibao cha kukataza watu kupanda toroli. Nyamhanga, aliyekuwa akifanya kazi humo, aliniambia kibao hicho kilikuwa mahali pazuri pa kutundika shati, kwa maana zamu ikiisha kila mtu alipanda toroli kutoka chini, na msimamizi wa Kampuni alipanda wa kwanza. Kupanda kwa miguu mteremko ule baada ya kazi ya kutwa ni jambo ambalo aliyeandika kibao hakuwahi kulijaribu.

Ilikuwa mchana, zamu zinabadilishana, nami nilikuwa nakoroga busara. Waya ulikatika. Tulisikia mlio, halafu mngurumo wa chuma kurudi chini, halafu wanawake wa upande wa kilimani wakaanza kupiga mayowe. Niliiacha ndoo nikakimbia, na nilipofika mlangoni mwa shimo niliwakuta watu wamezuiwa na kamba ya katani. Walitolewa wanne. Nilimtambua Nyamhanga kwa soksi, kwa sababu nilizishona mimi, kisigino kimoja kwa uzi mweupe na kingine kwa uzi wa bluu, uzi mweupe ulipoishia. Nilisimama pale nikiwa na mwiko mkononi. Mtu mmoja aliyekuwa anaandika majina ya ndugu aliniuliza mimi ni nani wa marehemu, nikafungua mdomo, nikaona sina neno la kumpa.

Msiba ulikuwa Nyarero, na nilikwenda kama wanavyokwenda majirani. Nilibeba kuni, nikaosha vyombo, nikakaa nyuma na wanawake wa mbali. Mama Chacha alikuwa amenyolewa nywele, ameketi kwenye ngozi, kila anayeingia anampa mkono. Mimi nilikuwa na nywele zangu zote kichwani na hakuna aliyenipa mkono. Niliporudi Kemambo nilimwambia Mama Robi nataka kunyoa. Alikuwa anapepeta mtama, hakuinua uso. "Anayenyoa ni mjane," akasema. "Wewe mume wako anapepeta mtama hapa." Nilikasirika. Nilikwenda jikoni nikalia kwa sauti ya chini, na nilihakikisha nimekaa karibu na ufa.

Baada ya muda habari ya fidia ikaanza kusambaa. Kampuni alitaka kukwepa kwa hoja ya kile kibao, kwamba marehemu walivunja amri, lakini ofisa wa kazi alikuja kutoka mkoani, akapima waya, akauliza mwisho uliangaliwa lini, na Kampuni akakubali kulipa. Ikatangazwa kanisani na sokoni kwamba familia zote zikusanyike shule ya msingi siku ya kusikiliza madai, zije na wajane, watoto na mashahidi. Kila anayemtegemea marehemu atajwe. Watu waliokuwa hawajawahi kunisemesha wakaanza kuniuliza habari za Marwa na Bhoke, wamekula, wamelala, homa imepungua.

Dada yangu aliyeolewa upande wa Kenya alivuka mpaka kunisukuma. Alikuja na sukari na mkate, akakaa jikoni kwangu ameikunja miguu. "Ghati, sasa wewe unangoja nini?" akasema. "Hiyo ni haki ya watoto. Enda useme hawa ni wa Nyamhanga, kila mtu anajua, hata huyo ofisa akiwaangalia sura ataona. Kwetu huko mtu hawezi acha pesa kama hiyo ikae." Nikamwambia mambo si mepesi namna hiyo. "Ni mepesi," akasema. "Wewe ndio unayafanya magumu." Na ukweli ni kwamba nilikuwa upande wake. Fedha nilizihitaji, nani hazihitaji, lakini zaidi ya fedha nilitaka kusimama mahali penye watu nikasema jina la Nyamhanga na la wanangu kwa pumzi moja. Nilitaka mtu fulani aandike kwamba tulikuwepo. Dada alipoondoka nilikuwa nimeshaamua, na nguo ya kuvaa siku hiyo nilikuwa nimeshaifua.

Siku chache baadaye wakaja Mwita, mdogo wake Nyamhanga, na baba yao mdogo. Ilikuwa jioni, jua bado lipo, nami nilikuwa nimeinjika maji ya ugali. Nilisikia "Shikamoo, Mama," nikasikia "Marahaba, kaeni," kisha nikasikia kiti kikiburutwa kuuelekea ukuta. Nikapunguza kuni ili zisipasuke kwa kelele.

"Mama, sisi hatuna maneno mengi," Mwita alianza. "Hii fidia inaangalia watoto. Marehemu akiwa na watoto wengi, fungu linakuwa kubwa. Sasa wale wawili wakitajwa, kila mtu anafaidi. Na wewe hatukusahau."

"Masikio yangu siku hizi mazito," alisema Mama Robi, ambaye alikuwa anamsikia mwizi wa kuku kutoka ng'ambo ya mto. "Sema kwa nguvu kidogo. Wakishatajwa, watoto wanakaa wapi?"

Yule baba mdogo ndiye aliyejibu. "Mama, unajua mwenyewe. Ukishasema mbele ya serikali kwamba ni damu yetu, damu inarudi kwao. Ng'ombe zako ulizomwolea huyu binti tutakurudishia. Si zote mara moja, lakini tutarudisha."

"Na Ghati?"

"Ghati bado kijana," akasema Mwita. "Mimi nina mke mmoja tu. Naweza kumweka."

Alisema kuniweka, kama mtu anayeongelea baiskeli ya marehemu. Nilikuwa nimeshika mwiko na sikuugeuza. Mama Robi aliwashukuru, akawamiminia busara nyingine, akawauliza habari za mvua ya Nyarero, akawasindikiza mpaka njiani kama kawaida yake. Aliporudi nilimwandalia chakula, tukala sote na watoto, ugali na mgagani na maziwa mgando. Alitafuna tonge la kwanza polepole.

"Ugali umeungua," akasema.

"Ndiyo, Mama."

"Basi umesikia." Akachukua tonge jingine, na alikula ugali ule ulioungua mpaka akamaliza. Watoto walipoinuka, alinawa mikono akaikausha kwenye khanga. "Mimi sitakuambia la kusema siku hiyo. Kinywa ni chako. Ukisema ni wa Nyamhanga, sitakutukana wala sitakufukuza, nitabaki na magunia yangu, na siku nikifa watoto wa shemeji zangu watagawana shamba. Ila nilitaka ulisikie lote, siyo nusu." Halafu akaingia chumbani kwake. Hakunibembeleza, na mimi nilitamani anibembeleze ili nipate sababu ya kukataa.

Nilikwenda shuleni siku ile bado sijui. Tulitembea sisi wanne, Bhoke mgongoni, Marwa amevaa shati jeupe, Mama Robi mbele na mwavuli wake mweusi ambao haukuwahi kufunguliwa kwa mvua wala kwa jua. Darasa lilijaa. Watu wazima walikaa kwenye madawati ya watoto, magoti yamegusa videvu, na wengine walichungulia madirishani. Ofisa aliitwa Bwana Mhina, mtu wa Tanga, mpole, aliyezungumza Kiswahili laini mpaka wazee wetu wakatazamana. Mwalimu mkuu alikaa karibu naye kuwatafsiria wasiojua. Ile familia ya kwanza ilimaliza, ya pili ikamaliza, kisha akaita familia ya Nyamhanga. Mama Chacha alisimama na watoto wake, nywele zikianza kuota upya, akajibu kila swali vizuri. Kisha Mwita akasimama bila kuitwa akasema marehemu alikuwa na watoto wengine wawili, na mama yao yuko pale.

Bwana Mhina aliniomba nisogee mbele. Aliona nina wasiwasi akanionea huruma, na nasema kwa haki kwamba mtu yule alinitakia mema. "Bibie Ghati, usiogope," akasema. "Sheria haimbagui mtoto. Hata mtoto wa nje ya ndoa anastahili, ilimradi ithibitike baba yake ni nani. Mimi ninachotaka ni watoto wako nao wapate. Haya, niambie kwa kinywa chako. Watoto hawa, baba yao ni nani?"

Wa nje ya ndoa. Mwalimu mkuu alitafsiri, na kwa Kikurya lilisikika vibaya zaidi. Nilimtazama Marwa na shati lake. Mtoto yule alizaliwa katika boma ambalo ng'ombe walitoka kwa ajili yangu mchana kweupe, mbele ya wazee, kwetu Turwa wakawapokea na kuwahesabu. Jina lake alipewa kwa sherehe. Shamba lake lilijulikana linaishia wapi. Nyamhanga mwenyewe, aliyekuwa na haki zote za kucheka na kula kwangu, hakuwahi hata siku moja kusema wale ni watoto wake, kwa sababu alikuwa mtu mwenye heshima na alijua ni wa nani. Ili nilitaje jina lake mle ndani ilinibidi niwatoe kwanza watoto wangu nje, mmoja mmoja, na mimi nyuma yao, mpaka kwenye nyumba ya Mwita ya kuniweka. Nilimtazama Mama Robi. Alikuwa amekaa kwenye dawati la mwisho, mwavuli magotini, anaangalia ubao kama anausoma, na hakujua kusoma.

"Baba yao ni yule pale," nikasema, nikamwonyesha kwa mkono. "Na hajafa."

Watu walicheka, halafu wazee wakaguna kwa kukubali, halafu pakawa na kelele. Mwita alisema mimi ni mwongo, kila mtu anajua. Mzee mmoja akamwambia akae chini, kwamba kila mtu anajua na ndiyo maana anaambiwa akae. Bwana Mhina alivua miwani akaipangusa kwa shati, akamgeukia mwalimu mkuu, nao wakanong'ona kwa muda mrefu. Kisha akanirudia. "Kwa hiyo, bibie, watoto hawa hawadai chochote?"

"Hawadai. Hawajafiwa na baba."

"Na wewe?"

Hapo ndipo sauti iliponitetemeka, maana mimi nilikuwa nimefiwa. "Mimi nina mume," nikasema, nikarudi kukaa.

Nje, kwenye bomba la maji, Mama Chacha alinifuata. Nilidhani anataka kunishukuru kwa kutowapunguzia watoto wake, na nilikuwa nimejiandaa kumkatalia. Hakunishukuru. Alinawa uso, akanishikia Bhoke ili na mimi ninawe. "Alikuwa akirudi nyumbani ameshiba," akasema. "Nilikuwa najua amepita kwako, kwa sababu hakuulizia chakula." Akanirudishia mtoto. Nikamwambia pole, na yeye akaniambia pole, na huyo ndiye mtu wa kwanza aliyenipa mkono wa msiba wa Nyamhanga. Fidia yake aliipata, ilichelewa lakini ilifika, na alijengea nyumba ya matofali ambayo bado ipo.

Nilirudi nyumbani nikiwa nimesimama imara mbele ya watu na ndani nimevunjika. Nilikuwa nimelinda kila kitu na nilikuwa nimemkana mtu niliyempenda, mle darasani, kwa sauti ya juu. Kwa siku kadhaa sikuuza busara. Mama Robi alipika mwenyewe, na alikuwa mpishi mbaya, Mungu amrehemu. Kisha asubuhi moja, Marwa akiwa malishoni na Bhoke amelala, alitoka chumbani na kigoda, beseni la maji ya vuguvugu na wembe mpya ambao bado ulikuwa ndani ya karatasi yake. Aliviweka jikoni, nyuma ya mlango. "Kaa," akasema. Sikumwelewa mara moja. Alinifungua kitambaa mwenyewe, akanilowesha kichwa, akaanza kuninyoa kutoka kwenye paji la uso, taratibu, akivuta ngozi kwa kidole gumba. Nililia safari hii bila kupima sauti. Alipofika kisogoni akasimamisha wembe. "Alikuwa mtu mzuri," akasema. "Alikuwa anaosha sahani." Alizikusanya nywele zote akazifukia mwenyewe nyuma ya jiko.

Mchana alipita jirani yetu mmoja mwenye macho makali, akaniona kichwa kinang'aa, akasimama kabisa njiani. Kabla sijafungua mdomo, Mama Robi akamjibu kutoka zizini. "Chawa," akasema. "Ni hawa wachimbaji, wametuletea chawa." Jirani akajikuna akaondoka haraka. Habari ilienea, na kwa wiki nzima nusu ya wanawake wa upande ule walikuwa wanawakagua watoto wao vichwa. Mama Robi hakuwahi kuirekebisha habari hiyo. Usiku na mchana wa mwaka ule vimechanganyika kichwani mwangu, lakini sauti yake ikisema chawa, kavu kabisa, naisikia mpaka leo, na hunichekesha kila ninapoihitaji.

Kampuni alifunga shimo akaondoka, na wananchi wakang'oa reli. Vipande vingine vikawa miimo ya malango ya ng'ombe, kimoja kikalazwa juu ya kijito kuwa daraja, na kimoja kikatundikwa shuleni kuwa kengele. Marwa alipokuwa kiranja wa zamu ndiye aliyekuwa akikigonga asubuhi, nami nikiwa shambani nikakisikia, nikaacha jembe kidogo, kisha nikaendelea. Alipokuwa mtu mzima nilimweleza yote, nikiwa na hofu. Alinisikiliza akanywa chai yake. "Mama, nilikuwa najua," akasema. "Nina masikio yake Baba Chacha. Lakini shamba nalima la Mzee wetu." Mzee wetu, ndivyo yeye na dada yake walivyomwita Mama Robi tangu walipokua, na yeye aliitika.

Basi mwezi uliopita Mzee wetu ametuacha, mwenye umri ambao hakuna aliyekuwa na uhakika nao, akiwa amezungukwa na wajukuu wanaobeba jina la boma lake. Mchungaji alisoma wasifu, na alipofika kwangu alikuwa ameandika "mwanafamilia wa karibu", nikamsamehe, atakaa Tarime, atajifunza. Asubuhi ya mazishi nilikaa kwenye kigoda jikoni, mlango wazi, na Bhoke, ambaye sasa ana mabinti wake, akaninyoa kwa wembe mpya kuanzia kwenye paji la uso. Nilitoka nje bila kitambaa. Mama Chacha alikuwa amekuja kutoka Nyarero, amezeeka, anatembelea fimbo, na alinipa mkono wa kwanza. Yule jirani mwenye macho makali bado yu hai pia. Alinitazama kichwa, akaniuliza, nusu kwa utani, kama wale chawa wamerudi.

"Hapana," nikamwambia. "Nimefiwa na mume wangu."